Macho Mawili ya Fundi wa Saio

Wiki hii nilipita kwa seremala mmoja wa mtaa wa Saio aliyekuwa anakata plexi, ile plastiki ngumu inayong'aa kama kioo. Ilikuwa ya mimbari mpya ya kanisa, na shemasi aliyeiagiza alisimama ubavuni mwake akitazama saa.

Fundi alikuwa ameipanga kazi vizuri. Karatasi inayolinda plexi hakuibandua, na plexi yenyewe aliibana kwenye meza isicheze. Lakini alipowasha msumeno wa umeme, mke wake akazima grupu, jenereta yao.

"Vaa miwani kwanza."

"Ni kipande kimoja tu," fundi akasema.

"Na weye uko na macho ngapi?"

Shemasi akaingilia. "Mama, siye tuko na haraka. Mungu atamulinda."

Mama hakuondoa mkono kwenye grupu. "Mungu alimupatia macho. Miwani, ni miye nilimununulia."

Fundi akaivaa huku amekunja uso, na grupu ikanguruma tena. Msumeno ulipokaribia mwisho, ukingo wa plexi ukamegeka. Kibanzi kikaruka, kikagonga miwani, paa! Fundi akazima msumeno, akavua miwani, akapitisha kidole kwenye mkwaruzo mbele ya jicho la kushoto. Akaivaa tena.

Shemasi alikuwa amefika mlangoni. "Mama," akauliza polepole, "iko ingine?"

"Haiko. Weye baki pale pale."

Jumapili mhubiri atasimama nyuma ya mimbari hiyo akihubiri ulinzi wa Mungu, na fundi atamtazama kwa macho yote mawili.