Chokaa Juu ya Trei ya Nyaya

Kila Shaabani tunaupaka chokaa msikiti wetu wa mtaani, ndani ya Mji Mkongwe, ili Ramadhani itukute safi. Kazi hiyo naisimamia tangu nilipoacha kusomesha watoto Kurani chuoni, na brashi simwachii mtu. Chokaa nikiiroweka mwenyewe kwenye pipa na kuitia chumvi, kama alivyonifundisha marehemu baba, maana chokaa yenye chumvi haimgandi mtu nguoni akiegemea ukuta.

Ukumbini, upande wa kutilia udhu, juu ukutani palipita trei ya nyaya: bati refu la chuma lenye matundu, lililopakwa zinki lisishike kutu. Lilibeba nyaya za feni, za pampu na za vipaza sauti, kisha likateremka kwenye nguzo mpaka usawa wa bega. Rangi yake ya kijivu ilinikera. Ukuta mzima mweupe, kisha mstari ule! Basi kila mwaka nikilipaka na lenyewe, tabaka juu ya tabaka, nikasimama mbali kulitazama na kusema Alhamdulillahi.

Mwadhini wetu wa zamani ni rafiki yangu. Alifanya kazi kwenye mikarafuu ya Kizimbani kabla macho yake hayajazima. Baada ya alasiri hukaa chini ya nguzo ile, akasoma Kurani kwa moyo. Akitoka kutia udhu alikuwa akipapasa ukuta hadi aliguse lile bati. Hiyo ndiyo ilikuwa alama yake kwamba kafika.

Siku moja akanambia, "Bwana we, chuma chako kimenitekenya."

"Chuma hakina vidole," nikamjibu. "Hiyo ganzi ya uzee."

"Uzee wangu uko magotini. Hichi ni kiganja."

"Kesho utasema nguzo inakukonyeza."

"Ikinikonyeza ntajuaje?"

Tukacheka mpaka waliokuwa wakisoma wakatugeukia. Alinambia tena mwaka uliofuata, na wa tatu pia. Mara ya tatu nilimletea mafuta ya karafuu asugue mkono.

Mwaka huu, kabla sijaroweka chokaa, feni mbili ziligoma. Kamati ikamwita fundi umeme, binti mmoja wa Michenzani. Alikuja asubuhi, msikitini nikiwa peke yangu.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, mwanangu. Feni ndizo hizo."

Feni hakuzitazama. Alilitazama bati, akauliza limekuwaje jeupe. Nikamweleza kwa fahari. Akapanda ngazi, akalibonyeza kwa bisibisi upande wa chini. Bisibisi ikazama kama kwenye mkate. Ganda la chokaa likaanguka sakafuni, na nyuma yake unga mwekundu wa kutu. Mahali pale bati halikuwapo tena. Nyaya zilikuwa zimelala juu ya chokaa yangu.

"Chokaa mbichi inakula zinki, babu. Mmeitia na chumvi?"

"Kidogo."

"Kidogo kiasi gani?"

"Ndoo kwa pipa."

Akashuka. Akaukwangua ule upande unaoteremka nguzoni, akaugusisha testa ya kupimia umeme. Kitaa cha testa kikawaka.

"Usisogee, babu! Swichi kuu iko wapi?"

Nilimwonesha kwa kidole. Alipokwisha kuzima ndipo akanionesha: boliti ya waya wa ethi, ule unaoupeleka umeme uliopotea ardhini, imeoza na waya unaning'inia. Bati lililovunjika nalo limekata ganda la waya mmoja, umeme ukaenea kwenye chuma kilichobaki.

"Kuna mtu anakigusa hichi?" akauliza.

Nilikaa chini palepale, juu ya vipande vya chokaa. Miaka yote nimewafundisha watoto kwamba maji ya udhu lazima yafike baina ya vidole. Kwa mkono huo wenye maji, miguu mitupu, rafiki yangu alikishika chuma kile kila siku. Mwenyezi Mungu alimwachia uhai. Mimi nilimpa mafuta.

Mpaka adhuhuri binti alikuwa ameshaliteremsha lote. Trei mpya, alisema, itakaa mbali kidogo na ukuta, kila palipokatwa kwa msumeno patapakwa rangi ya zinki, na waya wa ethi utapita kila kiungo. Nguzoni haitashuka tena.

"Na siku ya chokaa?" akaniuliza.

"Ntaifunika kwa magunia."

"Na chumvi?"

"Chumvi ntalia muhogo, mwanangu."

Alasiri rafiki yangu alitoka kutia udhu. Akapapasa ukuta, akafika nguzoni, akapapasa tena.

"Chuma changu kiko wapi?"

Nikamshika mkono, nikamweleza yote, la chokaa na la chumvi, sikuficha. Alisikiliza uso wake ukielekea ukutani.

"Miaka mitatu nakwambia," akasema.

"Mitatu."

"Ukanambia uzee."

"Nisamehe."

Maji ya udhu yalikuwa yakimdondoka kwenye kiwiko.

"Nshakusamehe. Sasa nikikwambia kitu, utanisikia?"

"Wallahi, ntakusikia."

"Ule muhogo ulonletea jana ulikuwa mbichi. Nlikwambia, ukasema ni meno yangu."

Nikamkalisha kwenye nguzo yake, nikatoka kwenda kutafuta muhogo mwingine.