Mwanamkasi na Cheki Aliyoichana Mwenyewe

"Mimi silipwi senti kama muuza vitumbua. Mimi nalipwa kwa cheki!"

Maneno hayo Mwanamkasi binti Husseni aliyasema harusini, Kaole, mwaka 1969, mbele ya wanawake wasiopungua arobaini, sahani ya pilau ikiwa mapajani. Hakuna aliyemuuliza analipwaje. Aliitoa cheki kwenye pindo la kanga akaipitisha mkono kwa mkono. Waliojua kusoma na wasiojua waliitazama kwa heshima ileile. Jirani yake Ashura aliishika kichwa chini miguu juu, akatikisa kichwa kwa kuridhika.

Ilikuwa ya shilingi elfu moja na mia mbili, malipo ya magunia ya mbata, yaani nazi kavu, aliyomuuzia Alawi, mfanyabiashara wa Bagamoyo mjini, mwenye duka na saini ndefu kuliko jina lake. Ili azipate mbata hizo, Mwanamkasi alinunua nazi za watu kwa mkopo wa Bibi Biubwa, akamwekea rehani minazi kumi na minane aliyoachiwa na babake. Mali nyingine hakuwa nayo, ukiondoa ulimi.

Akapanda basi mpaka benki, Dar es Salaam. Cheki ikarudi. Karani wa dirishani alimwambia akaunti ya Alawi haina kitu. Njia nzima ya kurudi alijifunika kanga mpaka usoni. Waliopandia Kerege walidhani amefiwa.

Mahakamani hakwenda. Kwetu huku mahakama ni aibu. Tunapatana kwanza, tunaumia baadaye. Mzee Mwinyijuma, mpatanishi wa kijiji, alimkutanisha na Alawi barazani kwake, pamoja na wazee wengine wawili. Alawi akalia kidogo, jicho moja, akakubali kulipa mia mbili kila mwezi kwa miezi sita. Wakasoma Fatiha. Hakuna aliyeandika kitu, maana kuandika baada ya Fatiha ni kumwambia mwenzio kwamba unamwona mwongo.

"Sasa dada yangu," Alawi akasema, "hiyo karatasi ya kuniumbua utaendelea kutembea nayo?"

"Mimi si mtu wa kisirani," Mwanamkasi akajibu, akaichana vipande vinne mbele yao. Wazee wakasema mashallah. Kahawa ikapita.

Mwezi wa kwanza Alawi alilipa. Wa pili alikuwa na wageni. Wa tatu mgeni alikuwa yeye, haijulikani wapi. Mwezi wa tano Mwanamkasi akaenda Mahakama ya Mwanzo kuomba suluhu ile ikaziwe, Alawi alazimishwe kulipa.

"Suluhu yenyewe iko wapi?" hakimu akauliza.

"Tuliisomea Fatiha, bwana hakimu."

"Nimesikia. Iliandikwa wapi?"

"Imo vifuani mwa wazee."

"Basi mlete mzee mmoja na kifua chake. Siwezi kumtuma dalali akakamate mali ya mtu kwa Fatiha."

Alawi, aliyeitwa na mahakama, akasimama, kanzu imepigwa pasi mpaka inakata. "Mheshimiwa, deni nilimaliza. Ndiyo maana cheki aliichana mwenyewe. Nani anachana deni lake?"

Watu wakacheka. Ilikuwa hoja nzuri. Uongo wa mtu aliyejiandaa nao hupigwa pasi.

Hakimu akatoa wiki mbili aletwe shahidi. Kesho yake Mwanamkasi alikuwa mlangoni kwa Mwinyijuma.

"Shikamoo, mzee wangu."

"Marahaba. Najua ulichofuata."

"Useme ulichokisikia tu. Mia mbili, miezi sita."

"Mwanangu, mimi niliwapatanisha. Leo nikasimame nimuumbue mmoja? Kesho nani ataniita tena?"

"Na minazi ya baba yangu?"

"Subiri. Mungu yupo."

"Najua yupo, mzee wangu. Ninayemtafuta ni shahidi."

Mzee wa pili aliugua ghafla. Wa tatu alikwenda Saadani kuwaona jamaa, na mpaka kesi inakwisha alikuwa bado anawaona.

Wiki mbili zikapita, dai likatupwa. Bibi Biubwa alingoja mpaka mwisho wa mwezi, heshima aliyoweza kutoa ndiyo hiyo, akachukua minazi yote. Alawi bado huswali safu ya mbele. Mwinyijuma bado hupatanisha watu, na wanamsifu kwa kutunza siri.

Mwanamkasi siku hizi akialikwa harusini hula, hunawa, huondoka. Nazi ya mchuzi wake huinunua sokoni. Moja, senti thelathini.