Sifuri Kumi na Moja

Mimi ni mtu wa kuchungulia. Mume wangu husema siku moja nitachungulia sufuria ya jirani nishindwe kutoa kichwa. Basi nilipoanza kusomea shahada kwa njia ya mtandao, huku nikiendelea kufundisha gredi ya tano hapa Dandora, mhadhiri wetu alitupa kazi iliyonifaa kabisa: chagua nadharia moja kuhusu namna watu wanavyojifunza, kaa nyuma ya darasa lako, uitazame ikifanya kazi kwenye vishikwambi.

Nilichagua ile rahisi. Inasema mtu hujifunza kwa tuzo: akijibu vizuri mpe kitu cha kumfurahisha, naye atarudia. Vishikwambi vyetu vilikuwa vimetengenezwa hivyo hivyo. Mtoto akibonyeza jibu sahihi, nyota inaruka na makofi yanalia. Akikosea au akikawia, kimya, na alama haiingii. Tulikuwa na vishikwambi kumi kwa wanafunzi arobaini, kwa hivyo walikaa wanne wanne wakipokezana. Nikaweka sheria mbili. Kila mtu abonyeze mwenyewe zamu yake ikifika, kwa sababu kusaidiana ni kuiba. Na hakuna kulamba kidole, maana ulikuwa msimu wa homa na vioo vyote vilikuwa vimejaa mate.

Mwisho wa muhula ulipokaribia, mashine ikanipa orodha ya alama. Msichana mmoja wa meza ya nyuma alikuwa amefanya majaribio kumi na moja akapata sifuri kumi na moja. Alikuwa mpole na bado mgeni. Walikuwa wamehamia kutoka Busia yeye, wadogo zake na mama yao, ambaye huosha chupa za plastiki zinazookotwa dampo. Daftari lake la hesabu lilikuwa na majibu mazuri tu, lakini mimi, mjuzi wa wajuzi, nikaamua ananakili kwa jirani. Nikaandika barua ashushwe hadi gredi ya tatu. Mwalimu mkuu akaigonga muhuri, na mama akaitwa aje Ijumaa kutia sahihi.

Kwenye simu mama hakubishana. Alisema tu, "Akishushwa, madam, si afadhali akae nyumbani tusaidiane na hizi chupa?" Nikamwambia tutaongea Ijumaa.

Jumanne ya wiki hiyo msichana hakuja. Wenzake watatu wa meza ile, ambao kila siku walikuwa wakizoa nyota, wakaanguka wote. Nikadhani ni siku mbaya tu. Jumatano alirudi, na nyota zikarudi pamoja naye. Hapo udadisi ukaniwasha kweli. Nilivuta kiti karibu na meza yao nikajifanya nasahihisha madaftari.

"Usiongeze hizo za chini, wewe!" msichana alikuwa akimnong'oneza mvulana mwenye zamu. "Kwanza zifanye zifanane. Ni ka chapati mbili, moja imekatwa nne, ingine imekatwa sita. Utaongeza aje vipande haviko sawa?"

Nilikuwa nimefundisha visehemu wiki tatu bila kufikiria chapati. Mvulana alibonyeza, makofi yakalia, nyota ikawa yake. Zamu ya msichana ilipofika alibonyeza, akabonyeza tena, kisha akaweka mikono mapajani hadi muda ukaisha.

"Mbona hujibu?" nikamuuliza.

"Imenikataa, ticha. Hunikataanga."

Nilishika kidole chake. Ncha ilikuwa kavu na ngumu, imechunwa na magadi na sabuni kali ya kuoshea chupa za mama yake. Nikabonyeza mimi, kioo kikaitika mara moja. Akabonyeza yeye, kioo hakikumsikia.

"Akilamba inashika," yule mvulana akasema. "Lakini si ulikataza?"

Nakiri kwamba kabla ya aibu nilisikia raha ya mtu aliyetegua kitendawili. Kichwani nilishaanza kumwandikia mhadhiri. Kuna nadharia nyingine isemayo maarifa hujengwa baina ya watu wanapozungumza, na hiyo ilikuwa imekaa meza ya nyuma muhula mzima, nami nimeipiga marufuku kwa jina la wizi. Kisha nikakumbuka barua, raha ikaniishia.

Nililowesha leso, akapangusa kidole, akajibu maswali yote kumi. Mwalimu mkuu alianza kwa kuniambia kuwa muhuri umeshagongwa na rekodi ni rekodi. Nikamwekea kishikwambi na ile leso mezani, nikamwita msichana ajibu mbele yake. Barua ilichanwa kabla ya kengele ya chakula.

Ijumaa mama alikuja hata hivyo, kwa sababu nilitaka kumwambia ana kwa ana. Nilimweleza yote, na zile sheria zangu mbili, nikamwomba radhi.

"Kwani mimi sikuona?" mama akasema. "Nyumbani ndiye hufundisha wadogo wake hesabu. Lakini nikajiambia, mashine itamwonea kwa nini? Na madam mwenyewe ameandika."

Masikio yaliniwaka kwa haya. Mashine haikuwa imemwita mtoto wake mjinga hata siku moja, wala mimi sikumwita hivyo. Akufukuzaye hakwambii toka.

Msichana alikuwa amesimama nyuma ya mama yake, akisikiliza. Nilitarajia atafurahi kwamba anabaki gredi ya tano na wenzake. Uso wake ulikuwa wa mtu anayepiga hesabu ngumu.

"Ticha," akauliza, "kwa hivyo hizo siku zote nilikuwa najua?"

"Ulikuwa unajua."

"Mimi nilikuwa nishaamini sijui," akasema, ndipo akalia.