Kamba Iliyolowa na Vyuo Sita

Paka wa mjukuu wangu ana nguzo yake ya kukwarulia kucha. Imesimama sebuleni hapa Fittja, Sweden, kando ya dirisha, imezungushiwa kamba kutoka chini mpaka juu, na watu wazima wenye akili zao waliinunua dukani ili mnyama asichane kochi. Wiki iliyopita paka huyo aliangusha chombo cha maua, maji yote yakaimwagikia nguzo. Nikainama kufuta. Ile harufu ikanipanda puani: mkonge uliolowa, harufu ya gunia la zamani na majani yaliyoanza kuoza. Nikakaa sakafuni pale pale, kikongwe mimi, kitambaa mkononi, hasira imenikaba kana kwamba jambo lenyewe limetokea asubuhi ile.

Lakini kwanza mbuzi. Bibi yangu mzaa mama alikuwa na mbuzi mmoja mweupe, mkorofi, anakula mpaka kanga zilizoanikwa. Siku moja Bibi alimfunga kwenye mpapai kwa kamba ya mkonge, akaenda shamba, mvua ikanyesha mchana kutwa. Aliporudi alimkuta mbuzi amebanwa shingo hadi kwenye shina, macho yamemtoka, kamba imekaza kama chuma na mafundo hayafunguki. Bibi akaikata kwa panga huku akimtukana mbuzi, mvua na wanaume wote waliosokota kamba duniani. Nilikuwa na miaka kama mitano hivi. Akaniambia, "Halima, mkonge ukinywa maji unarudi ndani yake. Unafupika. Usifunge kitu chenye roho." Mbuzi huyo hana uhusiano wowote na michezo. Namtaja kwa sababu nililijua jambo hilo kabla sijajua a, e, i, o, u, na kila mtu upande wetu wa mashamba ya mkonge alilijua. Walilijua hata wale wanaume watano wenye vyeti, waliokuja kukaa mezani na kujifanya wanalisikia kwa mara ya kwanza.

Baba yangu, Mzee Rajabu, alikuwa mtunza uwanja wa chuo cha ualimu pale kwetu. Chuo chenyewe kilikuwa kidogo: mabweni mawili, bwalo moja, kengele iliyokuwa kipande cha reli. Tuliishi nyumba ya wafanyakazi nyuma ya jiko, na kutoka kitandani nilisikia fyekeo lake likikata majani kabla jua halijapanda. Vyuo vidogo kama chetu vilikuwa sita wilaya ile na jirani yake, na vilikuwa vimeunda umoja wa michezo, wenyewe tuliuita Umoja tu. Ulikuwa na katiba ya kurasa nne, na kila mtu aliijua kwa moyo kama anavyojua sala. Wanachama ni sita, hawazidi, kwa sababu kiangazi kilikuwa na Jumamosi sita za michezo na kila chuo kilipewa moja ya kuwapokea wenzake. Mwenye uwanja anapika. Mwenye uwanja hawi mwamuzi. Na uwanja wa kila mwanachama lazima uwe na kipimo sawa, la sivyo uanachama wake unakoma. Kifungu hicho cha mwisho nakichukia mpaka leo, na wala hakikuwa kibaya. Kilikuwa kifungu cha haki kabisa. Tatizo lilikuwa mikono iliyokishika.

Viwanja vya vyuo vyote sita vilipimwa na baba. Hakuna mwingine aliyekuwa na kamba ya kupimia. Alikuwa na kamba yake ya mkonge aliyoisokota mwenyewe, yenye fundo kila hatua kumi, na kamba nane kamili zilikuwa mzunguko mmoja. Kila mwaka mvua za mwisho zikikaribia kukatika, tulipanda lori la chuo, yeye na mimi, tukazunguka vyuo vyote ndani ya wiki moja. Yeye anashika upande wa mbele na ndoo ya chokaa, mimi nashika upande wa nyuma. Kazi yangu haikuwa ya mchezo. Nikisogea kidogo tu, mstari mzima umepotea. Dada yangu Zaituni, aliyekuwa mwanafunzi wa chuo hicho na mkimbiaji wake, alikuwa akinitisha: "We Halima, ukishika kamba kizembe nikakosa ushindi, nitakukata masikio niyakaange." Namjibu, "Kaanga, utakula peke yako." Tulikuwa tunapendana hivyo.

Zaituni alikimbia mizunguko miwili. Siwezi kueleza alivyokimbia, mimi si mtu wa maneno mazuri, nitasema tu kwamba wapishi walikuwa wakiacha ugali uungue ili wamwone akipita. Mwaka huo alikuwa ameshinda Jumamosi zote tano. Ilibaki ya sita, ya kwetu nyumbani, na mshindi wa jumla angepelekwa kukimbia na vyuo vikubwa, mbali, mahali ambapo hakuna mtu wa kwetu aliyewahi kufika akiwa amevaa kaptula. Zaituni alikuwa ameshakunja nguo zake kwenye sanduku la mbao. Baba alikuwa amempakia dawa ya viatu kwenye vile viatu vyake viwili ambavyo havikufanana.

Wakati huo huo chuo cha ufundi cha mjini kilitaka kuingia kwenye Umoja. Kilikuwa na basi lake, jukwaa la chuma, na bomba la kumwagilia majani. Lakini wanachama ni sita. Ili mtu aingie, mtu atoke, na kwenye katiba nzima njia ya kumtoa mtu ilikuwa moja tu, ile niliyokwisha kuitaja. Aliyeiona njia hiyo ni Katibu wa Umoja. Sisemi jina lake; hata mkewe alimwita Katibu. Alikuja na tepu ya chuma aliyoazima chuo cha ufundi, akaupima uwanja wetu. Uwanja wetu peke yake. Akakuta mzunguko umepungua hatua tisa.

Mkutano ulifanyika bwaloni kwetu, asubuhi. Wakuu wa vyuo vitano upande mmoja wa meza, mkuu wetu upande wa pili anajipangusa miwani, na baba mbele yao amesimama, kofia mkononi, kamba begani. Nami nilisimama pembeni yake kwa sababu nilikuwa shahidi. Ndiyo, mtoto wa miaka kumi, shahidi. Katibu alikuwa na kalamu ya wino na daftari refu.

"Mzee Rajabu, uwanja huu uliupima lini?"

"Wiki ile ya mvua, Katibu."

"Kamba ilikuwa imelowa?"

"Chapachapa."

"Kwa hiyo ilikuwa fupi."

"Ilikuwa fupi," baba akasema, "na ndiyo hiyo hiyo, wiki ile ile, niliyopimia viwanja vyote sita. Chukueni hiyo tepu mkapime na kwenu. Mtakuta hatua tisa. Wote wamekimbia njia moja."

Nilikuwa naiangalia kalamu. Niliiona ikiandika mpaka kwenye "ilikuwa fupi", ikaweka nukta. Kisha ikalala juu ya meza wakati baba anaendelea kusema. Nilikuwa darasa la nne, nilijua nukta ni nini.

Katibu akanigeukia mimi, sauti laini kama ya mganga wa meno. "Mtoto mzuri, wewe ndiwe uliyeshika upande wa pili. Kamba ililowa?"

"Ndiyo," nikasema, "na kule kwingine pia..."

"Inatosha, mama. Inatosha." Akatoa peremende mfukoni, akanipa mbele ya watu wote. Nikaila. Miaka yote hii nimejaribu kusema kwamba niliitema, au niliificha kwenye mkunjo wa gauni. Niliila, na ilikuwa tamu.

Sasa nimwache baba hapo mezani kidogo, kwa sababu bila ya mambo ya juzi nisingeandika haya. Nimekaa Sweden miaka mingi kuliko niliyokaa kwetu. Nilimfuata mume wangu aliyekuja kusoma, nikasafisha korido za hospitali kule Flemingsberg mpaka magoti yakagoma. Mjukuu wangu Neema amezaliwa hapa. Anasoma chuo kidogo cha watu wazima upande wa Tumba, na anacheza mpira wa wavu. Vyuo vya namna hiyo vina umoja wao wa michezo, na niliposikia hivyo mara ya kwanza nilicheka mpaka nikalia: vilikuwa sita! Basi majira ya kuchipua barua ikaja. Chuo cha Neema kimepungukiwa wachezaji, hakifikishi timu mbili, uanachama wake utajadiliwa. Nikamwambia nitakwenda naye. Akaniuliza kwa Kiswidi, kama kawaida yake, "Utakwenda kufanya nini, Bibi? Ni mkutano tu." Nikavaa koti langu zuri.

Tulikaa kwenye chumba chenye joto, kahawa na vikeki vya mdalasini. Hakuna aliyepaza sauti. Kwanza walichagua mwenyekiti wa mkutano, kisha katibu wa mkutano, na halafu, sikilizeni, wakachagua watu wawili wa kuyakagua maandishi ya katibu, wahakikishe kila kilichosemwa kimeandikwa kama kilivyosemwa. Moyo ulinilipuka. Watu wawili! Laiti baba angekuwa na mmoja tu. Na mmoja waliyemchagua alikuwa Neema wangu, akainua mkono, akakubali. Nikajisemea, leo hapa hawatuwezi.

Ikafika zamu ya jambo la chuo cha Neema. Neema alizungumza vizuri. Alisema wasichana wanne wamejifungua, mwakani watarudi, timu itatimia. Kila neno likaandikwa. Mwenyekiti akashukuru kwa maelezo mazuri. Akauliza kama mkutano unakubali uanachama ukome, wakasema ja, yaani ndiyo, wote pamoja, kwa sauti ya watu wanaokubali kuongezewa kahawa, na akagonga kinyundo chake. Ko! Imekwisha. Wiki moja baadaye Neema alisoma maandishi yote, akakuta yako sawa, akatia sahihi. Amekitoa chuo chake kwa mkono wake mwenyewe.

"Kwa nini ulitia sahihi?" nikamwuliza.

"Kwa sababu ndivyo ilivyokuwa, Bibi. Hakuna aliyedanganya."

"Na hukukasirika?"

"Ndiyo sheria. Nimkasirikie nani?"

Nilitamani kumtikisa. Nimkasirikie nani! Mimi nina mtu wa kumkasirikia, mwenye kalamu na peremende, nimemtunza miaka yote hii hajachakaa hata kidogo. Yeye wamemnyang'anya hata huyo. Zamani walitudhulumu kwa kuandika nusu, nami nikaamini kwamba wangeandika yote tungepona. Nimekuja kuona yote yakiandikwa, yakakaguliwa, yakatiwa sahihi, na mlango ni ule ule. Watu waliotaka utoke wanakuona unatoka. Tofauti ni vikeki.

Turudi bwaloni. Katibu alisoma alichoandika: mpimaji na shahidi wake wamekiri kwamba uwanja ni mfupi. Baba akasema, "Soma na yaliyobaki." Katibu akasema ndiyo yote. Baba akamtazama mkuu wa kwanza, ambaye miezi miwili tu nyuma alikula naye kuku baada ya kumchorea mistari. Mkuu akatazama dirishani. Akamtazama wa pili. Hakuna hata mmoja aliyesema, twende tukapime na kwangu. Mikono mitano ikapanda kukubali tutolewe. Mkuu wetu alikuwa bado anapangusa miwani, nadhani angali anaipangusa huko kaburini. Katibu akapiga mstari wa wino kwenye ukurasa wa Zaituni, Jumamosi zote tano, na zote alikimbia kwenye viwanja vyao wenyewe.

Zaituni alikuwa ameketi kwenye ngazi za nje, viatu vyake mapajani. Nilipomkaribia aliinua uso, akanusa.

"Umekula nini?"

"Peremende."

"Nani kakupa?"

Nikageuka nikautazama mlango wa bwalo. Hakunikata masikio. Alinisogezea nafasi nikae. Baadaye aliolewa, akazaa, akafundisha watoto wa watu kusoma, na sikumwona akikimbia tena, hata mvua inyeshe nguo ziko kambani. Mimi shule yangu iliishia pale pale darasa la nne, kwa sababu nyumba ile ilikuwa ya mtunza uwanja, na baada ya siku hiyo hatukuwa na mtunza uwanja.

Maana baba alitoka nyuma yangu. Kamba alikuwa ameiacha juu ya meza yao, juu ya daftari, nusu yake inaning'inia. Alivaa kofia. Alitupita pale kwenye ngazi bila kutugusa. Mama alikuwa mlango wa jiko, mikono ina unga, akamwita, "Baba Zaituni, uji umepoa." Kwa kawaida baba alizunguka uwanja kwa nje, siku zote, hata akiwa na haraka, na alikwishamchapa mwanafunzi fimbo kwa kukanyaga mistari kabla ya Jumamosi. Siku hiyo aliukata uwanja katikati. Akaukanyaga mstari wa kwanza, wa pili, wa tatu, chokaa ikamshika visigino, akaacha nyayo nyeupe kwenye majani aliyoyafyeka mwenyewe. Tulidhani anakwenda kutafuta chokaa nyingine. Akafika upande wa pili, akapita kati ya nguzo mbili za geti, akashika barabara ya reli. Hakurudi.