Siku Niliyopanda Jukwaani Kumtuza Mwimbaji wa Detroit

Aibu niliyoipata mchana ule kule North York, hapa Toronto, naisema mwenyewe kabla hamjaisikia kwa Filomena, maana Filomena akiihadithia ananiongezea na mambo ambayo sikuyafanya, eti nililia, eti nilimpigia mlinzi magoti, mimi sikulia, na magoti yalipiga sakafu kweli lakini si kwa hiari yangu, hilo nitalifikia. Nilitolewa ukumbini nimeshikwa mkono kama mwizi wa kuku, mbele ya watu waliovaa makoti ya maana, na mjukuu wangu mwenyewe yuko pale jukwaani anatazama. Haya, nimeshasema. Anayetaka kucheka acheke sasa, akimaliza anisikilize, kwa sababu nusu ya aibu hiyo nimeikataa mpaka leo.

Mjukuu wangu anaitwa Zuhura, mtoto wa binti yangu Asha. Tunakaa sote watatu Weston, kwenye lile jengo la zamani karibu na mto, ambalo lifti yake ikiamua kupumzika inapumzika (mwezi uliopita ilipumzika na mimi nimo ndani na kilo za unga, lakini huo ni mkasa mwingine). Asha anafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee, anawaogesha wazee wa wenzake kutwa nzima, akirudi anakuta mzee mwingine anamngoja na maneno yake. Mumewe aliondoka Zuhura hajaota hata jino, akasema anakwenda Alberta kutafuta kazi, nadhani bado anaitafuta. Basi huyo mtoto amesomeshwa kwa mikono ya mama yake peke yake, na akaenda kusoma nini? Muziki. Tena si kuupiga, kuusoma! Muziki wa miji ya Amerika tangu zamani, nani alianza kupiga wapi, kwenye baa gani, kwa nini akahama. Mimi shule niliishia darasa la tatu, Tanga, sikujua kama ngoma nayo ina darasa.

Siku yenyewe Zuhura alikuwa na onyesho la kumalizia masomo. Yeye asome historia, picha zitokee ukutani, na bendi ipige nyimbo za kila mji. Mwalimu wake angekuwepo na kalamu yake, na akiridhika, Zuhura anapewa kazi ya kiangazi, kuzunguka na onyesho hilo maktaba hadi maktaba, shule hadi shule. Kazi yake ya kwanza ya kitu alichokisomea. Asha alishaanza kusema akiipata tu ataacha zile zamu za Jumapili zinazomvunja mgongo. Na Jumapili yenyewe ilikuwa ile, ruhusa aliomba akanyimwa, kwa hiyo mtu wa kumwakilisha mama nikawa mimi.

Zuhura alinijua. Asubuhi kabla hajatoka alinishika mabega.

"Bibi, pliz. Wewe kaa tu. Usiongee na mtu. Ukifurahi, piga makofi mwishoni."

"Mwishoni mwa wimbo?"

"Hapana. Mwishoni, wenzako wakishaanza."

Nikasema haya. Nikafunga kanga yangu nzuri juu ya koti, nikamchukua Filomena. Filomena ni jirani yangu, Mgoa wa Nairobi, alikuwa karani wa kupiga taipu ofisini mpaka alipostaafu, na baba yake alipiga saksafoni kwenye mahoteli ya Nairobi enzi za wazungu, wazungu wanacheza na yeye anapuliza amesimama wima kama nguzo. Kwa hiyo Filomena naye muziki anausikiliza wima. Kanisani hivyo, harusini hivyo. Nimewahi kumuona kwenye harusi ya Wakongo, watu wanatetema mpaka meza zinasogea, yeye amekunja mikono kama anangoja daktari.

Sasa mkasa wote umeanzia kwenye kiti. Zuhura alitupatia viti vya juu ghorofani, nyuma kabisa, huko ambako mtu wa jukwaani anaonekana kama njiti ya kiberiti. Macho yangu yana ukungu. Nikachungulia chini, nikaona mstari wa mbele viti viwili vitupu, vimetulia vinaniita.

"Shoga, inuka tuhame."

"Mama Asha, tumepewa namba."

"Namba ni za mabasi. Inuka."

Tukashuka, tukakaa. Ningebaki juu, jamani, hata ningepandwa na mashetani ya muziki ningefika wapi? Ningeishia kwenye ngazi. Lakini nilihama. Na pembeni yangu akawa mzungu mmoja mrefu mwenye miwani na kalamu, na kumbe ndiye mwalimu mwenyewe! Mimi sikumjua. Nilikuwa na ubuyu kwenye mkoba, umeletwa na mtu kutoka Tanga, na kwetu huwezi kutafuna na jirani yako anakutazama tu, nikamtilia kiganjani. Akautia mdomoni wote. Hakuna aliyemwambia kwamba kokwa hutemwa, basi maskini alizimumunya zile kokwa onyesho zima, midomo ikawa myekundu kama bibi harusi.

Taa zikazimwa, Zuhura akatoka. Wallahi mtoto alipendeza. Kiingereza changu ni cha dukani na cha hospitali, lakini sauti yake nilikuwa naifuata, na pale nilipopotea Filomena alininong'oneza. Alieleza New Orleans, wanavyokwenda kuzika kwa muziki wa kilio na kurudi kwa muziki wa kucheza. Akaeleza Chicago, watu walivyotoka mashamba ya pamba kwa treni, nguo kwenye furushi na gitaa begani, wakapiga sokoni barabarani. Akaeleza New York, mtu akishindwa kodi ya nyumba anaita mpiga piano, anapika, anawakaribisha watu, wanalipa mlangoni, wanacheza mpaka asubuhi na kodi imetimia (nikamwambia Filomena, tukifanya hivyo Weston polisi watafika pilau haijaiva, akanifinya). Halafu akafika hapahapa Toronto, watu wa visiwani na ngoma zao kwenye vyumba vya chini ya ardhi.

Na hapo ndipo mjukuu wangu aliponiponza kwa mdomo wake. Alisema, na Filomena ni shahidi maana ndiye aliyenitafsiria, kwamba katika vilabu vile vya zamani msikilizaji hakuwa mtu wa kunyamaza. Alimjibu mwimbaji. Alisimama. Alimtupia sarafu miguuni. Wimbo usiojibiwa ulihesabiwa kuwa umekufa.

Nikasema moyoni, kumbe hawa ni ndugu zetu! Nikageuka nyuma niwaone ndugu zangu. Watu wamekaa kimya ukumbi mzima, mikono mapajani, kama foleni ya kliniki. Wanaambiwa habari za wenzao waliosimama na kupiga kelele, nao wanatikisa kichwa polepole, eti wamependa.

Basi akatoka mwimbaji. Mama wa haja, mweusi, mnene, gauni la buluu, kwao Detroit ng'ambo ya mpaka. Akaimba wimbo wa mwanamke anayesugua sakafu za watu, akirudi kwake sakafu yake ni chafu, na mume ameondoka, na redio ameondoka nayo. Hapo Filomena hakunitafsiria, lakini mimi nilielewa kila neno. Nilimuona Asha. Saa ileile Asha ameinama, anaogesha mzee wa mtu, na wimbo wake unaimbwa huku hayupo.

Sasa nyie mnaojua taarabu mnajua, na msiojua nawaambia. Ubeti ukikugusa, unainuka. Unakwenda na noti mkononi, unamtuza mwimbaji, na watu wote wanajua kwamba ubeti huo una mwenyewe, ni wako au unampokelea mtu. Kukaa tu ubeti wako ukipita ni kama kuitwa jina ukakataa kuitika. Mimi nimetuza Tanga tangu kifua changu hakijajaa. Mikono haikuniuliza. Noti ya dola ishirini ilishatoka kwenye mkoba.

"Mama Asha," Filomena ananong'ona, "unakwenda wapi? Choo kiko huku."

"Naitika."

"Keti chini! Mama Asha, keti, watu wanatuangalia!"

Akanishika kanga. Nikaendelea, kanga ikabaki kwake. Nikapiga kigelegele kimoja cha kufungua njia, nikainua noti juu, nikaanza kwenda, na mtuzaji hakimbii, mtuzaji anakwenda kwa madaha, bega hili, bega lile, kwa hiyo kila mtu alipata nafasi ya kutosha ya kunitazama. Ngazi ya jukwaa iko pembeni, nikaipanda. Mpiga tarumbeta akasahau kupuliza. Zuhura alikuwa amesimama na karatasi zake, mdomo wazi, anatikisa kichwa, hapana, hapana, hapana.

Nikafika kwa yule mama. Hakuacha kuimba, namsifu. Nikambandika noti kwenye paji la uso.

Ikateleza.

Pesa za Kanada ni za plastiki, jamani! Noti ya kwetu ikikutana na jasho inaganda kama stempu, hii ilishuka puani, ikapita kidevuni, ikaanguka sakafuni. Na tuzo haiachwi sakafuni, ni matusi. Nikainama, nikaiokota, sasa kuinuka ndiyo mtihani, magoti yalikuwa yameshajifunga. Nikashika kilicho karibu nijivute. Kilicho karibu kilikuwa mti wa maikrofoni. Ukaja wote. Ukapiga matoazi ya mpiga ngoma, maikrofoni ikalia kama mbuzi anayechinjwa, nikaenda chini kwa magoti yote mawili, na mguu ukavuta waya sijui wa nini, ukuta wa picha ukazimika na Toronto yote ikapotea.

Halafu akaja mlinzi, kijana wa Kisingasinga mwenye kilemba, adabu nyingi, akaniinua kwa kwapa na kuanza kunitoa.

"Niache!" nikamwambia kwa Kiswahili, hakuna lugha nyingine iliyonijia. "Sijaiba! Nimetoa!"

Na Filomena, yule asiyepaza sauti hata nyumba ikiungua, akasimama na kanga yangu mkononi akamtafsiria kwa kelele, ukumbi mzima ukasikia, kwamba huyu mama haibi, anatoa. Haikusaidia. Tukatolewa wote wawili.

Nikakaa pale nje kwenye benchi, magoti yanawaka moto, nasikiliza mlangoni. Hapo ndipo niliposhikwa na hofu ya kweli. Si ya watu, ya kazi ya mtoto. Ndani kimya. Kimya kirefu. Nikajua amekimbia, na angekimbia nisingemlaumu. Halafu nikasikia sauti yake.

"Huyo ni bibi yangu," alisema. Basi, hakuongeza neno. Piano ikaanza tena.

Walipomaliza, yule mama wa Detroit alitoka na jasho lake akanirudishia noti. Nikaikataa, tuzo hairudishwi. Akamtazama Zuhura, Zuhura akamweleza, yule mama akaikunja akaitia kifuani, akanibusu huku na huku. Mwalimu naye akatoka, mdomo mwekundu, akamvuta Zuhura pembeni, wakazungumza kwa muda nilioona ni mwaka.

Kwenye basi la kurudi Weston, Zuhura hakukaa na sisi. Alisimama kwenye nguzo mpaka watu wakapungua, ndipo akaja.

"Bibi, nilikuweka juu."

"Juu sioni."

"Ndiyo maana nilikuweka juu!"

Filomena akajikohoza akatazama dirishani. Nikamuuliza mtoto, kazi?

"Kazi amenipa. Kwa sharti moja." Akanikazia macho. "Wewe usije. Popote. Maktaba zote, shule zote."

"Na wewe ukasemaje?"

"Nikasema nitafikiria."

"Ufikirie nini, mjinga wewe? Kesho asubuhi mwambie ndiyo. Mama yako mgongo wake hauwezi kungoja wewe uwe na heshima."

Tukapita vituo kadhaa. Halafu akauliza polepole, "Ulikuwa unamtuzia nani?"

"Mama yako."

Aliinamia karatasi zake, akazipanga, akazipangua. Baadaye akasema, "Oke. Lakini bado nimekasirika."

"Kasirika, mjukuu wangu. Unayo haki."

Alikubali ile kazi, na Asha Jumapili siku hizi analala mpaka jua linamfuata kitandani. Mimi sharti nalitimiza, sijakanyaga maktaba hata moja. Aibu ya kuanguka naipokea, magoti ni yangu. Ya kuvunja kazi ya mtoto katikati nimemwomba radhi kwa mdomo wangu. Lakini ya kutuza, hapana, hiyo sijamwomba mtu radhi na sitamwomba, waichukue wao waliokaa. Na nimejiapiza, sitakwenda tena kusikiliza muziki mahali ambapo viti vimepigiliwa sakafuni. Kunyamaza kimya wimbo wako ukiimbwa ni mazoezi ya kaburi, na kule nikifika nitakuwa na muda wa kutosha kujifunza.