Uwanja Uliotazama Kibla

Mahfoudh Saeed hakuwahi kuketi kwenye mkeka kabla ya kuunyoosha. Aliushika pembe, akaulinganisha na ukuta, akarudi nyuma hatua moja kuutazama, ndipo akaketi. Alifanya hivyo nyumbani kwake Azaiba, alifanya hivyo kwenye harusi za watu, na niliwahi kumwona akifanya hivyo msibani, wafiwa wakimsubiri amalize.

Kwa miaka thelathini na minane alitunza uwanja wa besiboli wa chuo ninakofanya kazi maktabani. Mchezo huo haukuwa na wenyewe hapa Maskati. Uliletwa na mwalimu wa hesabu wa Kimarekani, Mista Wendell, aliyefika katikati ya miaka ya themanini na magongo sita ndani ya sanduku. Chuo kilimpa kipande cha ardhi ya changarawe nyuma ya msikiti, kikampa na mtu wa kumsaidia. Mtu huyo ndiye Mahfoudh, mzaliwa wa Unguja, ambaye kazi yake mpaka siku hiyo ilikuwa kumwagilia miti. Alichaguliwa kwa sababu moja. Kila Idi mtaani kwao yeye ndiye aliyechora safu za kuswalia uwanjani, kwa kamba na chokaa, na hakuna safu yake iliyopinda.

Mista Wendell alimchorea uwanja kwenye karatasi, akamwonyesha mpigaji atasimama wapi na mrushaji wapi, kisha akasafiri kwenda Salala kwa wiki moja. Aliporudi, mistari ilikuwa tayari, myeupe na iliyonyooka kabisa, na jukwaa la saruji la watazamaji lilikuwa limeshamwagwa nyuma ya mahali pa mpigaji. Uwanja mzima ulikuwa umegeuzwa. Mpigaji alitazama magharibi.

Hapa mchezo huanza baada ya swala ya Alasiri, joto linapopungua. Kuanzia saa hiyo mpaka Magharibi mpira ulitoka ndani ya jua. Siku ya ufunguzi mpigaji wa tatu wa timu ya wageni hakuuona kabisa, ukampiga shavuni, akatolewa akivuja damu. Kwenye kumbukumbu za chuo imeandikwa kwamba kosa lilikuwa la Mista Wendell. Mwisho wa mwaka mkataba wake haukuongezwa. Hakuna aliyesema sababu ni uwanja, wala hakuna aliyesema siyo.

Fedha za kuvunja jukwaa hazikupatikana, kwa hiyo uwanja ulibaki hivyo. Wanafunzi walijifunza kuvuta kofia chini na kusikiliza mpira badala ya kuutazama. Timu ina wachezaji tisa; jua waliliita mchezaji wa kumi. Timu zilizokuja kucheza kwetu zilishindwa, na zetu zilipokwenda kwao zilishindwa vilevile. Mahfoudh alichora mistari ile ile kila wiki, miaka yote hiyo, mpaka alipostaafu.

Mwaka huu chuo kilipata mfadhili wa kujenga jukwaa jipya na kuugeuza uwanja. Kamati iliamua kuuita Uwanja wa Mahfoudh Saeed, na mimi nikapewa kuandika kijitabu cha historia yake. Nilipomaliza nilikwenda Azaiba kumsomea. Bintiye Taghreed, aliye karani wa usajili pale pale chuoni, alikuwa akitumiminia kahawa. Nilipofika kwenye kosa la Mista Wendell, mzee aliinua mkono.

"Hapo futa."

"Wapi, Ami?"

"Hapo kwa Mista Wendell. Si yeye. Ni miye."

Taghreed alicheka. "Baba, we ulikuwa ukimwagilia miti. Utageuza uwanja, we?"

"Nnakwambia nimeugeuza. Kwa mikono yangu hii." Akanigeukia mimi. "Kibla hapa ni magharibi, na karatasi yake ilimweka mpigaji kaipa mgongo. Nikasema, masikini, huyu mzungu hajui. Vijana wa Kiislamu wote wale, kila jioni wasimame wameipa kibla mgongo? Mwenyewe keshakwenda Salala. Basi n'kamrekebishia. Nikipima kwa ukuta wa msikiti, mwanangu, ukuta haudanganyi. Nikaona nnamfichia aibu."

"Na jua?"

"Jua nani alilifikiri?"

Aliendelea bila kuulizwa. Siku ile ya ufunguzi mkuu wa chuo aliuliza mbele ya watu wote nani aliyepima. Mista Wendell alimtazama Mahfoudh kwanza. Kisha akasema ni yeye, aliishika karatasi juu chini.

"Na wewe, Ami?"

"N'kanyamaza. Mke wangu mjamzito, kazi yenyewe nna miezi minne. Ikapita siku, ikapita wiki. Neno kama lile ukiliacha wiki, hulisemi tena."

Mimba yenyewe ndiyo huyo Taghreed. Alikuwa amesimama na birika, hacheki tena.

"Baba, zimebaki wiki mbili. Kibao kishachongwa. Nishawaambia jamaa zetu wa Sidab, nishawaambia na wakwe zangu Hamriya. Sasa watu waje wasome kama baba'angu ndiye aliyeuharibu uwanja, halafu waupe jina lake?"

"Basi wasiupe."

"Wallahi we mzee una matata! Mtu mwenyewe kafa zamani, nani wa kumsomea?"

"Kwa kuwa kafa ndo n'endelee kumla nyama?"

Alikuwa amekufa kweli. Miaka kumi iliyopita chuo kilipata barua ya dada yake, na mimi ndiye niliyeiweka kwenye faili. Taghreed aliingia ndani. Kahawa yangu ilibaki nusu.

Niliandika aya upya. Mwenyekiti wa kamati, Bwana Taimur, aliisoma mara mbili, akavua miwani. Alisema aya inaweza kubaki, au jina linaweza kubaki, lakini si vyote viwili, maana mfadhili hataelewa. Hakusema kwa ubaya. Aliniomba nimuulize mzee mara ya mwisho. Nilimpigia simu, naye akanijibu kwa maneno mawili: "Aya ibaki."

Siku ya sherehe kibao kilisomeka Uwanja wa Besiboli wa Chuo. Mahfoudh aliketi safu ya tatu na kanzu nyeupe iliyopigwa pasi vizuri, akapiga makofi watu walipopiga. Kiti cha pembeni yake kilikuwa kitupu. Taghreed aliomba ruhusa kazini siku hiyo, akasema anaumwa kichwa.

Nilimpelekea kijitabu wiki iliyofuata. Macho yake hayakuwa mazuri tena, akaniomba nimsomee aya ile polepole. Jikoni sufuria zilikuwa zikiwekwa kwa kishindo. Taghreed alikuwa hajasema naye tangu sherehe. Alikuwa akimpikia, anamtilia chakula, na kuondoka.

"Umeandika kama alinitazama kwanza?"

"Nimeandika, Ami."

Akaitikia kwa kichwa. Alikichukua kijitabu, akakifunga, akanirudishia. Mwezi mmoja baadaye alifariki, nami nikiwa safarini, kwa hiyo sikupata kusikia jingine kwake zaidi ya hili aliloniambia siku ile:

"Mpelekee Taghreed jikoni. Usimwambie neno, mpe tu asome. Kisha mwambie baba yake ana njaa."