Jirani wa mu Telefone Ananifukuzishia Jirani wa Kweli

...Basi admini wa grupe, nirudilie pale kura ya umeme ilikatika jana nikiwa nakuandikia: ule mwanamke akaingia tena mu nyumba bila kupiga hodi, akapita mbele yangu kama vile miye niko kiti, akakamata sahani ya chakula nilitoka kupika, akakula yote, halafu akalala mu kitanda yangu na viatu! Ah, lakini sikujisema miye ni nani. Niko mama wa miaka quarante-sept (47), niko hapa Bunia, nauzisha unga ya muhogo. Masomo niliachia ku troisième primaire, mwaka wa tatu tu, musinicheke maandiko. Jina fichieni kabisa, maana ku avenyu yetu nikikohoa tu wanajua ni nani.

Ule mwanamke si mutu. Ni wa mu telefone. Mutoto yangu Aline aliniwekea jeu moja ya kucheza: unajenga nyumba, unapika, unaenda kazi, na kuko majirani wenye hakuna mutu anawaendesha, ni mashini yenyewe inawatuma. Mungu wangu, majirani gani wale! Kuko muzee mmoja anapiga teke takataka yangu kila asubui. Na kuko huyu mwanamke, nikamupa jina Mama Kanyaga, sababu anakanyaga mu nyumba ya kila mutu. Unabonyeza afukuzwe, anatoka. Ukigeuka tu, amerudia, anacheka. Nikaweka lupango ya mbao kuzunguka nyumba, akapita. Nikaondoa mulango ya nyumba kabisa, ikabakia ukuta tu, akabakia inje... na miye nikabakia ndani, nikashindwa kutoka, wakanifukuza kazi ya mu telefone! Aline alicheka mpaka akakaa chini.

Sasa shida. Kama hukukaa huku kwetu hutaelewa vizuri. Wakati ya zile fujo za makabila, neno ya ku robine ya maji ilichoma nyumba za watu. Mutu anachota maji anasema tu «fulani iko anaficha wageni», kesho nyumba ya fulani ni majivu. Vile kulitulia kidogo, siye wamama wa avenyu tukapatana mbele ya mama pasta: hakuna kusema jirani tena. Hakuna. Na miye nilishika, ata kama mudomo ilikuwa inaniwasha kama nilikula pilipili. Mwaka muzima niliongea tu bei ya unga na mvua. Nilikonda!

Kumbe jeu ikaniletea majirani wa kusema bila zambi. Hawana kabila, hawana nyumba ya kuchoma, hawasikii. Nikaenda ku robine na bido zangu za maji, nikaanza: «Wamama, muko na habari ya Mama Kanyaga? Jana ameingia kwangu tena, amekula yote!» Wakakufa na kucheka. Mama Riziki, rafiki yangu wa zamani, anasema: «Weye! Na haya hana?» Namujibu: «Haya atatoa wapi?» Kila asubui wananingojea. Mutu bido imejaa, haendi, anataka asikie Kanyaga amefanya nini. Siku ya kwanza nilisema ni wa jeu. Wenye walikuja kisha hawakusikia ile, na miye, kusema ukweli, nilikuwa nimeshanogewa, sikurudilia kuisema.

Basi wao wakatafuta ni nani. Na wakapata. Pembeni yangu kuko Mama Deborah, alikimbia fujo kutoka upande wa Kpandroma na watoto, akapanga nyumba. Si wa kwetu, munaelewa vile nasema. Yeye tu njo anaingiaka kwangu bila hodi, kukamata makala ya moto, sababu asubui miye nawashaka wa kwanza. Mwanamke wa heshima. Ata kijiko yangu haijalala kwake.

Juma hii siku moja hakukuja. Kesho yake pia, bure. Nikachungulia: anawasha makala na sachet za plastike, moshi nyeusi inamuingia mu macho. Nikamuita: «Mama Debo, moto yangu imekukosea nini?» Akajibu bila kunitazama: «Asante, mama. Sitaki kukanyagia watu nyumba.»

Nikakimbia kwa Mama Riziki.

«Mumemuambia nini?»

«Siye? Weye njo ulituambia! Watoto wake sasa wanaitwa watoto ya Kanyaga. Juzi wamewarudisha nyuma ya foleni, wamewaambia waende kuchota kwenye walitoka.»

«Mama Kanyaga ni wa jeu!»

Akanikonyeza. «Njo vile, mama. Ficha. Ata miye ningesema ni wa jeu.»

Nikafungua telefone, nikamuonyesha Kanyaga mwenyewe, amelala na viatu yake. Mama Riziki akaruka nyuma: «Yesu! Kumbe umemuingiza mu telefone?»

Sasa wanasema miye nafungia jirani mu telefone. Nikisikia ile nacheka, halafu machozi inatoka. Maana hii amani yetu ni kidogo sana, na ile wakati ya fujo pia watu walianza na kupana majina ya kucheka. Mama Deborah ameshauliza mwenye nyumba kama anaweza kutoka. Aende wapi? Kwao nyumba haiko, ni nyasi tu.

Aline anasema nisimame ku robine na telefone, nionyeshe kila mutu. Wataita ulozi. Niende kwa shefu ya avenyu? Akimuita Mama Deborah kwake, watu wataamini kweli kuko neno. Nimuambie yeye mwenyewe? Ataamini mama muzima nilikuwa natukana picha? Na nikinyamaza, ataenda, na watasema ona, alikuwa na kosa. Wapendwa, muko wengi huku na muna akili kunipita, nipeni njia: nianzie kwa nani, niseme namna gani, na kama atakataa—

Ngojeni, Aline anapiga kelele ku lupango: «Mama, kuja mbio! Mama Deborah anapakia matela ya kulalia ku pusipusi!»

Naenda, ata kitambaa ya kichwa sijavaa. Andikeni mbio, nitasoma nikiwa nimeshika ile pusipusi na mukono isisukumwe.